Kutoka Berlin hadi Msimbazi: Mipaka Tuliyoirithi na Mpaka Tunaouchora Wenyewe



Kila mwaka muhula wa kwanza unapoanza, huwachukua wanafunzi wangu wapya tukatembea Kariakoo. Tunaanzia Mnazi Mmoja, tunavuka Mtaa wa Lumumba, tunaufuata Mtaa wa Uhuru na kuipita Kongo, mpaka tunatokea Msimbazi, pale ambapo mabasi ya mwendokasi, bajaji, mikokoteni na waenda kwa miguu hugombea nafasi. Kazi ninayowapa ni ndogo: andikeni majina ya mitaa, kisha mniambie kila jina limetoka wapi.

Wanarudi na orodha inayowashangaza wenyewe. Lumumba ni wa Kongo, aliuawa Januari 1961. Aggrey ni msomi aliyezaliwa Ghana ya leo, wakati huo ikiitwa Gold Coast, ambaye alipita hapa mwaka 1924. Likoma ni kisiwa cha Malawi ndani ya Ziwa Nyasa. Pemba na Mafia ni visiwa vya pwani yetu, Nyamwezi ni watu wa magharibi, Livingstone ni Mskochi. Robo ya bara imelala katika mitaa ambayo mtu anaweza kuimaliza kwa miguu kabla jua halijawa kali.

Mwaka huu, tulipokuwa tumesimama kivulini karibu na Msimbazi, mwanafunzi mmoja aliniuliza: "Dokta, kama viongozi wetu walijua kwamba mipaka hii ilichorwa Ulaya, kwa nini walipopata uhuru hawakuifuta?" Nilimjibu kwa haraka kwa sababu ya kelele na jua. Jibu lile halikuniridhisha. Leo nataka kumjibu kwa utulivu, kwa maana swali lake si la historia peke yake. Linahusu pia namna tunavyotendeana sasa hivi katika mitaa hiyo hiyo.

Kwanza tusahihishe jambo moja ambalo hata vitabu vingine vya shule hulikosea. Mkutano wa Berlin, uliofunguliwa Novemba 1884 na kufungwa Februari 1885, haukuchora mipaka ya Afrika kama fundi cherehani anavyokata kitambaa. Mataifa 14 yalikaa pale, na hakuna Mwafrika aliyekuwa na kiti. Walichokubaliana zaidi ni kanuni za kunyang'anyana bila kupigana: biashara katika bonde la Kongo, meli katika mito ya Kongo na Niger, na masharti ya kutambuliwa kwa anayetwaa pwani mpya. Mistari yenyewe ilikuja baadaye, mmoja mmoja, kwa mikataba ya wawili wawili.

Wa kwanza unaotuhusu ulichorwa mwaka 1886, kati ya Uingereza na Ujerumani. Ulianzia mdomo wa Mto Umba ukaelekea Ziwa Viktoria, ukijipinda kuuzunguka Mlima Kilimanjaro. Wengi tumefundishwa kwamba Malkia Viktoria alimzawadia mlima huo mjukuu wake, Kaiza Wilhelm, siku ya kuzaliwa. Ni hadithi tamu, lakini si kweli. Mstari ulikwisha kupinda mwaka 1886, na Wilhelm alikalia kiti cha enzi mwaka 1888. Sababu ya kupinda ni kavu zaidi: Wajerumani walishatangulia kutia saini mikataba yao upande wa Kilimanjaro, na Waingereza walitaka Mombasa ibaki upande wao. Mpaka ule ni matokeo ya kupatana bei, na Wachaga, Wamasai na Wadigo walioishi pale hawakuulizwa.

Mstari wa pili ni ule wa Julai 1890. Katika mkataba huo Ujerumani ilipata Heligoland, kisiwa kidogo cha Bahari ya Kaskazini, na Uingereza ikapata nafasi ya kuifanya Zanzibar kuwa himaya yake. Mpaka wa kaskazini magharibi mwa ziwa ukapitishwa kwenye nyuzi 1 kusini mwa Ikweta, bila kujali mto wala kijiji. Mafia ikaangukia upande wa Wajerumani, Pemba ikabaki na Zanzibar chini ya Waingereza. Visiwa viwili vilivyokuwa chini ya Sultani mmoja, vyenye dau la aina moja na dini moja, vikawa katika milki mbili. Vilikuja kukutana tena chini ya dola moja mwaka 1964, ingawa vyote viwili vina mitaa yake Kariakoo.

Mstari wa tatu ulichorwa baada ya Vita Kuu ya Kwanza. Mwaka 1919 Uingereza na Ubelgiji walikubaliana kwamba Rwanda na Burundi, ambazo hadi vita vinaanza zilikuwa sehemu ya koloni lililotawaliwa kutoka Dar es Salaam, ziende kwa Wabelgiji. Pembetatu ya Kionga, kusini mwa mdomo wa Ruvuma, ikapewa Ureno. Kilichobaki kikaitwa Tanganyika, jina lililoanza kutumika rasmi mwaka 1920. Kwa hiyo nchi tunayoiona kama kitu cha tangu na tangu ilipata umbo lake ndani ya miaka 34, kwa kalamu za watu ambao wengi wao hawakuwahi kuikanyaga.

Sasa turudi Kariakoo, maana nayo ni mtoto wa vita vile vile. Waingereza waliingia Dar es Salaam Septemba 1916. Jeshi la siku hizo katika nchi isiyo na barabara lilitembea juu ya vichwa vya wapagazi. Kikosi cha wapagazi kiliitwa kwa Kiingereza "Carrier Corps". Midomo yetu ikakifanya Kariakoo, na kambi yao hapa mjini ikaupa mtaa jina. Nairobi nayo ina Kariokor yake, ndugu wa jina hilo hilo. Wapagazi hao walitoka Tanganyika, Kenya, Uganda na Nyasaland, na wengine waliletwa kwa meli kutoka Afrika Magharibi. Wapo wanahistoria wanaokadiria kwamba waliokufa upande wa Waingereza wanakaribia laki moja, wengi wao kwa maradhi na njaa wala si kwa risasi. Wengi hawana kaburi linalojulikana. Tunapotamka neno Kariakoo tunataja, bila kujua, kikosi cha Waafrika waliobebeshwa mizigo ya vita vya kugawana Afrika.

Vita vilipokwisha, mkoloni alichora mpaka mwingine, huu ukiwa ndani ya mji. Katika miaka ya 1920 Dar es Salaam iligawanywa katika maeneo matatu: Uzunguni ufukweni, Uhindini katikati, na Uswahilini, yaani Kariakoo na jirani zake. Kati ya Uhindini na Uswahilini paliachwa uwanja mtupu, kwa hoja ya afya na usafi. Uwanja huo ndio Mnazi Mmoja. Wanafunzi wangu huwa wananyamaza ninapowaambia kwamba bustani wanayopumzikia ilikuwa mpaka wa rangi. Ni uwanja huo huo ambao TANU ilikuja kuutumia kwa mikutano ya kudai uhuru.

Nyuma ya mpaka huo waliishi watu ambao ramani za 1886, 1890 na 1919 zilikuwa zimewatawanya. Bibi yangu mzaa baba alikuwa Mmanyema, mzaliwa wa Kariakoo. Nyumba aliyonilelea ilikuwa ya Kiswahili ya vyumba sita, ukumbi katikati na uani nyuma. Nikikumbuka wapangaji wake, naona Afrika nzima ikisubiri zamu ya bomba: Mzaramo aliyeuza mkaa, mjane wa Kinubi ambaye mababu zake waliletwa na Wajerumani kutoka Misri na Sudani kama askari, Mngazija fundi wa kushona kanzu, Mnyamwezi wa bandarini, Mndengereko na wanawe. Baba yake bibi alitoka upande wa pili wa Ziwa Tanganyika, akapita Ujiji, akashuka pwani na msafara akiwa mtoto. Kama alikuja kwa hiari au kwa mnyororo wa biashara ya watumwa, bibi hakupenda kuulizwa, nasi tukajifunza kutouliza. Alichokuwa akisema ni kwamba baba yake hakuvuka mpaka wowote, alivuka maji.

Siasa ya uhuru ilizaliwa katika nyumba kama hizo. Kleist Sykes, mmoja wa waasisi wa African Association ya mwaka 1929, alikuwa mtoto wa mwanajeshi aliyeandikishwa na Wajerumani huko Msumbiji. Chama hicho kilijenga ofisi yake Kariakoo, katika barabara iliyoitwa New Street, na ni katika ofisi hiyo TANU ilipoanzishwa tarehe 7 Julai 1954. Baadaye barabara hiyo ilipewa jina la Lumumba. Yaani chama kilicholeta uhuru wa Tanganyika kina mizizi yake kwa mtoto wa mtu wa Msumbiji, na anwani yake ni jina la mtu wa Kongo. Waasisi hawakuliona hilo kuwa ajabu, na ndiyo maana jina lenyewe lilikuwa Chama cha Waafrika.

Hapa sasa ndipo swali la mwanafunzi wangu linapopata uzito. Watu hao, waliojua fika kwamba mipaka ni ya kigeni, kwa nini waliikubali?

Jibu linaanza na ukweli kwamba walijaribu njia nyingine kwanza. Mwaka 1958 vyama vya Afrika Mashariki na Kati vilikutana Mwanza na kuunda PAFMECA, umoja wa kusaidiana katika kudai uhuru. Mwaka 1960 Mwalimu Nyerere alisema hadharani kwamba alikuwa tayari kuuchelewesha uhuru wa Tanganyika ili Tanganyika, Kenya na Uganda ziingie katika uhuru zikiwa shirikisho moja. Sijui mfano mwingine wa kiongozi wa nchi inayotawaliwa aliyejitolea kusubiri. Juni 1963 viongozi wa nchi tatu walitangaza Nairobi nia ya kuunda shirikisho mwaka huo huo. Halikuundwa. Kila nchi ilikuwa imeshapata, au ilikuwa karibu kupata, bendera, bunge, na watu wenye vyeo vya kulinda.

Ndipo ukaja mkutano wa Cairo, Julai 1964, wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika uliokuwa na umri wa mwaka mmoja. Nkrumah alitaka serikali moja ya bara zima. Nyerere alimpinga kwa maneno makali, akiamini kwamba umoja hujengwa hatua kwa hatua. Katika mkutano huo nchi wanachama zilipitisha azimio, lililopendekezwa na upande wetu, la kuheshimu mipaka iliyokuwepo siku ya kupata uhuru. Somalia na Moroko hazikulikubali.

Azimio hilo halikusema mipaka ni ya haki. Lilisema kuifungua kungekuwa hatari kuliko kuivumilia. Fikiria: Wamasai wako Kenya na Tanzania, Wamakonde wako Tanzania na Msumbiji, Wasomali walikuwa chini ya tawala nne au tano, Waewe wako Ghana na Togo. Kama kila kabila lingedai ramani yake, ni jeshi la nani lingeichora? Mataifa machanga, yenye silaha chache na wasomi wachache, yangeanza maisha yao kwa kupigana, na wauza silaha wangekuwa wale wale waliokaa Berlin. Waasisi walichagua ubaya mdogo. Nasema walichagua, kwa sababu tangu Julai 1964 hatuwezi tena kumtupia mkoloni lawama yote. Mstari aliuchora yeye, saini ya pili ni yetu.

Uchaguzi huo haukuwa mwepesi hata kwa waliouchagua. Aprili 1968, miaka isiyotimia minne baada ya Cairo, Tanzania iliitambua Biafra iliyojitenga na Nigeria, ikisema kwamba dola ikishindwa kulinda uhai wa watu wake, mpaka wake hauwezi kuwa mtakatifu kuliko watu hao. Oktoba 1978 Idi Amin alivamia Kagera na kutangaza kwamba mpaka ni mto, wala si nyuzi 1 za mwaka 1890. Vijana wetu wakaenda kufa kuulinda mstari uliochorwa na Wazungu, na walikuwa sahihi, kwa sababu nyuma ya mstari huo walikuwepo watu waliouawa na kuchomewa nyumba. Na katika Ziwa Nyasa, mkataba ule ule wa 1890 ungali unatusumbua: Malawi inasema ziwa lote la upande huu ni lake hadi ufukweni kwetu, sisi tunasema mpaka unapita katikati ya maji.

Lakini azimio la Cairo lilikuwa na nusu ya pili, isiyoandikwa katika sentensi zake ila iliyotekelezwa kwa vitendo. Nusu ya kwanza ilisema mipaka ibaki. Nusu ya pili ilisema mipaka isitutenge. Ndiyo maana Kamati ya Ukombozi ilikuwa na makao yake Dar es Salaam. Ndiyo maana FRELIMO iliundwa hapa Juni 1962, na Eduardo Mondlane akauawa hapa hapa Februari 1969. Ndiyo maana wapigania uhuru wa Afrika Kusini, Namibia, Angola na Zimbabwe walipanga vyumba mjini humu na kunywa kahawa kwenye vibaraza vyetu. Ndiyo maana ya reli ya TAZARA, kilomita 1,860, ili Zambia isiyo na bahari isinyongwe na walowezi wa kusini. Kati ya majirani zetu wanane, watano hawana pwani: Uganda, Rwanda, Burundi, Zambia na Malawi. Jiografia hiyo haikuwa chaguo lao, na kizazi cha uhuru hakikuwafanya waione kama kosa lao.

Naja sasa kwa leo. Miaka kadhaa iliyopita nilikwenda katika ofisi moja ya umma kufuatilia hati. Kijana aliyenihudumia alikuwa na adabu. Alisoma majina ya wazee wangu, akauliza bibi alizaliwa wapi. Nikamwambia Kariakoo. Na baba yake? Nikamwambia, ng'ambo ya ziwa. Akatabasamu: "Basi huyo ni Mkongo. Itabidi ulete uthibitisho." Uthibitisho gani, wa mtoto aliyeshuka na msafara kabla ofisi hiyo haijajengwa? Nilizunguka kwa miezi. Mimi nina shahada tatu na ninajua kuandika barua, hatimaye nikapata. Nilijiuliza, na bado najiuliza, inakuwaje kwa muuza ndizi wa Kigoma mwenye babu kama wangu, asiyejua mlango wa kubisha.

Serikali yetu ina sababu za kulinda uraia, na historia yake si ya kuaibisha: nchi hii iliamua kuwapa uraia Warundi zaidi ya 160,000 waliokimbilia hapa mwaka 1972. Vile vile, Julai 2025 ilipotolewa amri ya kuwazuia wasio raia kufanya aina 15 za biashara ndogo, nilielewa kilio kilichoizaa. Mmachinga wa Mtaa wa Kongo anayeshindana na mwenye mtaji kutoka nje ana haki ya kulindwa. Ila nililisoma tangazo lile nikiwa na swali. Mwenye kiwanda Asia anayefungua duka la rejareja Kariakoo na mama wa Kikenya mwenye saluni wanawekwaje katika neno moja, mgeni? Tulitia saini Soko la Pamoja la Afrika Mashariki, lililoanza kutumika Julai 2010. Jumuiya sasa ina nchi wanachama 8, Kongo na Somalia zikiwemo. Kama neno letu lina maana, Mkenya, Mrundi na Mkongo si wageni kwa namna ile ile. Kenya ililalamika, nasi tukajibu kana kwamba tunazungumza na watu wa mbali.

Kwa watumishi wa umma wanaonisoma, ombi langu ni dogo. Sheria inayotaka uthibitisho iseme pia ni uthibitisho gani unamtosha mtu ambaye wazee wake walikuwa hapa kabla ya vyeti. Ushahidi wa majirani, wa msikiti au kanisa, wa mjumbe wa shina, upewe uzito wake. Amri za biashara zitofautishe mtaji mkubwa kutoka nje na jirani wa Jumuiya anayeishi kwa mikono yake. Kwa wanaharakati: msiishie kumlaani Bismarck. Amekufa tangu 1898, hasomi mabango yenu. Anayegonga mhuri leo ana jina la kwetu.

Nawe mwanafunzi wangu, jibu lako ni hili. Hawakuifuta mipaka kwa sababu waliogopa damu, na hofu yao ilikuwa ya busara. Waliiacha wakitumaini kwamba sisi tutaifanya iwe nyepesi, kama ukuta wa uani unaotenganisha nyumba mbili lakini hauzuii kuombana chumvi. Kuuheshimu mpaka wa nchi ni kutimiza neno la Cairo. Kuugeuza kuwa kipimo cha nani ni mtu kamili mbele ya dirisha la ofisi ni kuchora mstari mpya, wa nne, na huo hautakuwa wa Waingereza wala Wajerumani.

Mwaka ujao tutapita tena njia ile ile. Orodha ya majina ya mitaa haitabadilika. Ila nitawaongezea wanafunzi kazi moja: wakifika Msimbazi, wamuulize mfanyabiashara mmoja babu yake alitoka wapi, kisha wasikilize bila kuandika.